Soraleni na P iliyojificha: kwa wewe unayeanza kufasiri karatasi za dawa

Ukipewa karatasi ya dawa ya kundi la soraleni uifasiri, usikimbilie sentensi ya kwanza. Kaa na jina kwanza. Mimi sikukaa nalo, na yaliyonipata ndiyo haya ninayokusimulia.

Nilikuwa nimezoea mikataba ya pango na barua za shule. Siku moja nikaletewa kurasa mbili za maelezo kwa mgonjwa wa ngozi, yule anayemeza kidonge, akangoja, kisha akasimama ndani ya kabati lenye taa maalumu. Juu ya ukurasa limeandikwa neno psoralen. Mistari miwili chini yake, psoriasis. Nikajiambia, kumbe kazi nyepesi: dawa imepewa jina la ugonjwa wake. Nikaandika kwa mkono mwepesi kabisa, "Soraleni ni dawa ya soriasisi," nikasonga mbele. Kliniki iliyoagiza kazi ile ilikuwa inahudumia zaidi watu wenye mbalanga, yale madoa meupe yanayoenea mikononi na usoni. Nesi aliyeipitia akanipigia simu: "Kaka, umewabadilishia wagonjwa wetu ugonjwa."

Majina yale mawili ni watoto wa mama mmoja, lakini hakuna aliyemzaa mwenzake. Mama yao ni neno la Kigiriki psora, yaani muwasho, upele, ukurutu. Ugonjwa wa soriasisi uliitwa hivyo kwa ajili ya magamba na muwasho wake. Dawa ilipita njia nyingine kabisa. Mwaka 1753 Msweden Carl Linnaeus, yule aliyeipa mimea na wanyama majina ya Kilatini tunayotumia hadi leo, alikuwa na mimea fulani ya ukoo wa kunde ambayo imejaa vidoadoa vya tezi, kama ngozi iliyoota upele. Akaiita Psoralea, kwa maana ya "yenye ukurutu". Hakusema kwamba inatibu ukurutu. Alisema tu kwamba inafanana na mtu mwenye ukurutu. Wanakemia walipokuja kutoa kitu kwenye mbegu za mmea mmoja wa kundi hilo nchini India, katika miaka ya 1930, wakakipa jina la mmea. Kwa hiyo jina limetoka kwenye ngozi ya mtu likaenda kwenye jani, likatoka kwenye jani likaingia chupani, halafu likarudi tena kwenye ngozi ya mtu.

Tangu hapo, nikiona jina la dawa lililotokana na mmea, nalisoma kama anwani ya lilikotoka. Linakokwenda nalitafuta penginepo, kwenye sehemu ya matumizi, na sikubali jina linijibie swali hilo.

Mmea wenyewe wa India ni babchi, au bakuchi kama wanavyouita waganga wa Ayurveda, tiba ya jadi ya India, ambao wameutumia kwa madoa meupe tangu zamani sana. Kwa Kilatini uliitwa Psoralea corylifolia, na siku hizi wataalamu wa mimea wameuhamishia jina la Cullen corylifolium. Hapa mgeni hujikwaa: anakuta karatasi moja imeandika jina la zamani na nyingine jina jipya, anadhani ni mimea miwili. Ni mmoja. Mtego wa pili umekuja na vipodozi. Kuna kitu kinaitwa bakuchioli, kinauzwa kwenye krimu za uso, nacho kinatoka kwenye mmea uleule, lakini si soraleni. Mafuta ghafi ya mbegu za babchi ni jambo jingine tena, maana humo soraleni imo, na aliyeyapaka akatoka juani anaweza kuungua. Mmea mmoja, vitu vitatu dukani. Ukifasiri lebo na ukaandika tu "dondoo la bakuchi", hujamwambia msomaji kitu.

Sasa njoo Misri, maana hapo ndipo dawa inayotumika zaidi ilipotokea. Kando ya Nile huota gugu lenye maua meupe kama mwavuli, la ukoo wa karoti na giligilani, liitwalo Ammi majus. Wamisri huliita khella shaitani, khella ya shetani, kulitofautisha na khella baladi, ile ya kwao ya kawaida. Ibn al-Baytar, mtaalamu wa dawa za mimea aliyezaliwa Malaga na kufia Damascus mwaka 1248, aliandika kuhusu mbegu zake kwa jina la aatrilal, jina la Kiberiberi, lugha ya Afrika Kaskazini, lenye maana ya mguu wa ndege. Kabila moja la Waberiberi ndilo lililokuwa na siri hiyo: mgonjwa wa madoa meupe anakula unga wa mbegu, kisha anakaa juani madoa yakiwa wazi. Zingatia hilo la kukaa juani. Zaidi ya miaka 700 iliyopita watu walikwishajua kwamba mbegu bila jua haifanyi kazi. Katika miaka ya 1940 daktari Abdel Monem El Mofty wa Cairo akaanza kuwatibu wagonjwa wake kwa kitu kilichosafishwa kutoka kwenye mbegu hizo, na mwaka 1974 kundi la John Parrish na Thomas Fitzpatrick kule Boston likachapisha matokeo ya kuwatibu wagonjwa wa soriasisi kwa kidonge hichohicho pamoja na taa zenye nguvu. Ndiyo maana karatasi yangu ilitaja magonjwa yote mawili.

Kidonge chenyewe kina majina mengi kuliko mtoto wa kwanza wa ukoo. Wakemia wa Misri walikiita ammoidini, kwa jina la gugu lao. Kumbe mwaka 1911 Mjerumani Hermann Thoms alikwishakitoa kwenye mti wa Afrika Magharibi, akakiita zanthotoksini: zantho kwa Kigiriki ni rangi ya manjano, na mwisho wake unajua mwenyewe, ni sumu. Wakemia wa baadaye, walipoona molekuli hiyo ni soraleni iliyoongezewa kipande kiitwacho methoksi, wakaiita kwa umbo lake, methoksisoraleni. Jina rasmi la dawa likakatwa kutoka hapo: methoxsalen. Soraleni imepoteza kichwa chake humo, umebaki mkia, salen. Ukikutana na trioxsalen, tazama mkia, utajua ni jamaa huyohuyo. Mkia huo umeniokoa mara nyingi kuliko kamusi yoyote.

Halafu kuna jina la kifupi, 8-MOP. Hili nalitaja taratibu kwa sababu limebeba hatari. Namba 8 haina uhusiano wowote na kipimo. Inaonyesha mahali pale kipande cha methoksi kilipokaa kwenye molekuli, kama namba ya nyumba mtaani. Jirani yake ni 5-MOP, ambayo kipande kimekaa nyumba namba 5, na jina lake jingine ni bergapteni, kutokana na tunda la bergamoti. Kidonge cha 8-MOP huwa na miligramu 10. Nimeona rasimu ya mwenzangu mmoja, mfasiri mzuri tu, imeandika "vidonge 8 vya MOP". Alikuwa amechoka, amesoma namba ikitangulia jina, mkono ukaenda kama ulivyozoea kwenda. Ushauri wangu: namba iliyoshikana na jina la kemikali kwa kistari isiguswe, isifasiriwe, isiandikwe kwa maneno. Na miligramu ziandikwe kwenye sentensi yake, mbali na hapo.

Jambo hilo linanirudisha kwenye tahajia, ambayo tuliibishania sana. Je, tuandike psoraleni au soraleni? Kiswahili hakianzi neno kwa ps. Tulikwishasema saikolojia, na P hatukuiona ikilia. Hata watengenezaji wenyewe waliitupa: jina la biashara Oxsoralen halina P, wala Trisoralen. Kwa hiyo katika maelezo ya kusomwa naandika soraleni bila wasiwasi. Ila P hiyo imejificha mahali, na mgeni asipoonywa itamsumbua. Tiba yenyewe inaitwa PUVA, na P yake ni hiyohiyo tuliyoiacha mlangoni: P ya psoralen, kisha UVA, yaani mwanga wa urujuanimno wa aina A. Mwanafunzi mmoja aliniuliza P imetoka wapi ikiwa dawa inaanza na S. Nikaona ana haki. Siku hizi, mara ya kwanza ninapoandika soraleni, naongeza palepale kwamba kwenye boksi utaiona imeanza na herufi P. Na jina la kwenye lebo ya kipimo silibadilishi hata herufi moja. Mgonjwa akifika kwa mfamasia lazima karatasi na boksi viseme kitu kimoja.

Kuna jina la ukoo pia, furanokumarini, ambalo litakutokea kwenye maandishi ya wataalamu. Furani asili yake ni neno la Kilatini la pumba, kwa kuwa kimoja cha vitu vya jamii hiyo kilipatikana kwa kupika pumba. Kumarini limetokana na jina la mti wa Amerika Kusini wenye mbegu za kunukia. Usiliogope. Ogopa tu kosa moja: watu wanaojua kwamba dawa za kuzuia damu kuganda, kama warfarini, huitwa za kundi la kumarini, wakaandika kwamba soraleni hulainisha damu. Haifanyi hivyo. Ni binamu kwa umbo la molekuli, kazi mbalimbali.

Tumefika kwenye makosa yangu mawili makubwa, na yote yalikuwa ya Kiswahili safi.

La kwanza lilitoka kwenye ile sifa kuu ya dawa hizi, kwamba huifanya ngozi iwe na hisia kali kwa mwanga. Nikaandika: "Dawa hii huifanya ngozi kuwa nyeti." Neno limo kamusini, linatumika redioni, nikaridhika. Kliniki ikaniruhusu kukaa na wagonjwa wachache ili nione kama wanaelewa. Akaja bibi mmoja wa makamo ya juu, madoa yamezunguka vidole na viganja vyake. Nikamwamkia, akaitikia, nikampa karatasi. Akaisoma pole pole, akirudia mstari. Kisha akainamisha kichwa, akasema kwa sauti ya chini, "Mwanangu, mimi madoa yangu yako mikononi. Huko kwingine niko salama."

Sikumwelewa mpaka nesi alipogeuka kuficha kicheko. Nyeti, kwa yule bibi na kwa watu wengi wa mtaani, ni sehemu za siri. Nilikuwa nimemwandikia kwamba dawa hii ni ya ngozi ya huko.

Baada ya hapo nilijaribu maneno mengine. "Huongeza hisia za ngozi" likaeleweka kama ganzi inatoka. "Ngozi itaogopa mwanga" likawa la kishairi, mgonjwa mmoja akauliza ataota manyoya kama popo. Tulichokubaliana ni hiki, na bado nakitumia: "Ukimeza dawa hii, jua litakuunguza upesi kuliko kawaida." Hakuna neno la kitaalamu hata moja, na ndilo lililofanya watu waulize maswali sahihi: kwa muda gani? hata kukiwa na mawingu? hata kivulini?

Kwa maandishi ya wauguzi na wafamasia sentensi hiyo haitoshi, kwa sababu inaeleza madhara tu na haielezi kazi. Kwao naandika "dawa inayoamshwa na mwanga". Maana ndivyo ilivyo. Soraleni ikiwa mwilini gizani haina makuu. Molekuli zake ni bapa, hujipenyeza kati ya vipago vya ngazi ya DNA, ule uzi wa urithi ulio ndani ya seli, zikatulia. Ukija mwanga wa urujuanimno wa aina A, ambao urefu wa mawimbi yake ni kati ya nanomita 320 na 400, ndipo zinaposhikamana na DNA, nyingine zikifunga pande zote mbili za ngazi pamoja. Seli iliyofungwa namna hiyo inashindwa kugawanyika, na kwa soriasisi, ambayo ni ngozi inayojizalisha kwa pupa, hilo ndilo linalotakiwa. Kwa mbalanga kinachotafutwa ni seli za rangi ziamke. Rangi hurudi kwa vidoadoa kuzunguka vinyweleo, halafu vidoa vinaungana. Nesi alinionyesha mkono wa mgonjwa mmoja katika hatua hiyo: doa jeupe lenye nukta nukta za kahawia, kama chapati iliyoanza kuiva.

Tofauti ya "huamshwa na mwanga" na "huunguza kwa jua" itakusaidia pia kutenganisha dawa. Doksisaiklini, dawa ya kuua bakteria inayomezwa sana kwetu, nayo humfanya mtu aungue upesi na jua. Lakini huko ni madhara yasiyotakiwa. Kwa soraleni, mwanga ni nusu ya dawa. Ukitumia sentensi moja kwa zote mbili bila kufikiri, utampa mgonjwa wa doksisaiklini wazo la kwenda kuota jua.

Kosa la pili lilijificha karibu miezi miwili. Kidonge humezwa takriban saa mbili kabla ya taa, pamoja na chakula au maziwa ili kupunguza kichefuchefu. Walimu wangu walinifundisha kwamba "masaa" ni Kiswahili kibovu, wingi wa saa ni saa. Nami nikaandika kwa ufasaha: "Meza dawa saa 2 kabla ya mwanga." Isome tena kama mtu aliyeamka asubuhi anatafuta viatu. Meza dawa saa mbili. Wagonjwa wengi walipangiwa taa saa nne asubuhi, kwa hiyo aliyeelewa vibaya na aliyeelewa vizuri wote walimeza saa mbili, na karatasi yangu ikaonekana haina tatizo. Mpaka akatokea baba mmoja aliyetoka mbali, akapangiwa saa nane mchana. Akameza saa mbili asubuhi, akapanda basi, akakaa dirishani. Nesi alimuuliza kabla ya kuwasha taa, akashtuka, akamrudisha nyumbani siku hiyo kwa maonyo mengi. Siku ya tatu baba akarudi na malengelenge shingoni na mkononi, upande mmoja tu wa mwili.

Upande wa dirisha. Kioo cha kawaida cha dirisha huzuia sehemu kubwa ya mwanga ule mwingine wa jua uunguzao, aina B, lakini aina A hupita. Nilikuwa nimeandika "epuka mwanga wa jua wa moja kwa moja", maneno ambayo sijawahi kumsikia mtu yeyote akiyasema sokoni, na yule baba aliyatii: hakukaa juani, alikaa ndani ya gari.

Sasa naandika "yakibaki masaa mawili", kwa maneno na kwa masaa, na mwalimu wangu anisamehe. Halafu naacha mstari wenye nafasi ya nesi kujaza kwa kalamu: "Wewe utameza saa ____ asubuhi/mchana." Huo mstari haukuwa kwenye karatasi ya asili. Nilimwomba mwenye kazi ruhusa, akakubali. Usiogope kuomba. Na ukikuta karatasi mbili za dawa hiyohiyo zimetaja muda tofauti kidogo, usizisawazishe kwa akili yako. Kidonge kigumu na kidonge laini cha methoxsalen haviingii mwilini kwa kasi moja, na havibadilishwi kimoja kwa kingine hivi hivi.

Kuna neno jingine nililolipiga marufuku kwenye karatasi za wagonjwa: mionzi. Kwa mwanafizikia ni sawa. Kwa mgonjwa wa Dar es Salaam, "kupigwa mionzi" ni hospitali ya Ocean Road, ni saratani. Nimeona mtu akikunja karatasi na kuondoka. Naandika "mwanga wa taa maalumu". Ila nakuonya usije ukaitumia huruma hiyo kufunika lililo la kweli. Karatasi hueleza pia kwamba tiba hii ikirudiwa sana kwa miaka huongeza uwezekano wa saratani ya ngozi, na kwamba macho yasipokingwa yanaweza kupata mtoto wa jicho. Hapo neno saratani liandikwe wazi, kwa herufi zilezile za ukubwa uleule. Kuhusu macho, "miwani ya jua" haitoshi, maana miwani ya urembo ya barabarani nayo inaitwa hivyo. Mgonjwa anatakiwa avae miwani inayozuia urujuanimno, iliyozunguka hadi pembeni, wakati wote wa mchana ndani ya masaa 24 tangu alipomeza, hata akiwa ndani karibu na dirisha.

Kwenye orodha ya wasiotakiwa kutumia, utakuta watu wenye ualbino. Mgeni mmoja aliandika "watu wenye ngozi nyeupe". Fikiria anayesoma ni mtu ambaye ngozi yake imegeuka nyeupe kwa mbalanga, na dawa ni yake. Andika ualbino. Na kwa jina la ugonjwa, mbalanga linaeleweka sehemu nyingi za bara na pwani. Neno barasi, lililotoka Kiarabu, liache, kwa kuwa wazee wengine wakilisikia wanawaza ukoma, na hakuna mgonjwa anayestahili kuondoka kliniki na mzigo huo.

Jambo la kupita tu: si kila kliniki yenye taa inatumia soraleni. Siku hizi taa za aina B ya wimbi jembamba, nanomita 311, zimechukua sehemu kubwa ya kazi ya PUVA, na huko hakuna kidonge cha kumeza. Ukiona "tiba ya mwanga" kwenye maandishi, uliza kwanza kama kuna dawa kabla hujaanza kuonya watu juu ya dawa.

Ukitaka kumweleza mtu asiyejua lolote jinsi soraleni ilivyo, acha Wagiriki na Wamisri, mpeleke jikoni. Ganda la ndimu lina vitu vya ukoo huuhuu. Mtu anayekamua ndimu nyingi za achari nje, juani, bila kunawa mikono, anaweza kuamka baada ya siku moja au mbili na malengelenge au michirizi, na baadaye alama nyeusi zisizoondoka upesi. Vijana wanaojisugua ndimu usoni kuondoa chunusi kisha wakatoka wanazipata pia. Utomvu wa mti wa tini hufanya hivyohivyo. Na zamani manukato yenye mafuta ya bergamoti yaliwaachia akina mama wa Ulaya michirizi myeusi shingoni pale tone lilipotiririka. Nilipomsimulia habari ya ndimu yule bibi wa mikono yenye madoa, aliitikia kabla sijamaliza: "Aa, hiyo naijua. Mama alikuwa akitukataza." Kurasa mbili zote, na alichohitaji kilikuwa jikoni kwao tangu utotoni. Nikaomba ruhusa tena, nikaongeza mstari wa ndimu.

Toleo la mwisho lilipokwenda kuchapwa, nesi alilipitia kwa kalamu nyekundu. Hakugusa soraleni, hakugusa methoxsalen, wala namba. Alikata "epuka mwanga wa jua wa moja kwa moja", ambalo nilikuwa nimelisahau kwenye ukurasa wa pili, akaandika juu yake kwa mwandiko wa haraka: "Usikae dirishani, hata kwenye basi."